Amri Ikukute Ndani

Sikusoma sana. Darasa la tatu, wakasema mtoto wa kike ametosheka. Kwa hivyo mtu asinicheke kwa kosa nitakalosimulia.

Hapa Huruma ya Uasin Gishu kila mwenye biashara hutundika leseni ukutani. Askari wa kaunti akipita anaitazama, anaenda zake. Basi wakili wangu alipopeleka rufaa kortini, kupinga amri ya kunifukuza kwa chumba ninachouzia mursik, maziwa yetu ya kibuyu, nilichukua karatasi ya rufaa yenye muhuri, nikaitia plastiki, nikaipigilia msumari kando ya leseni. Mwenye ploti alitaka kubomoa ajenge ghorofa. Mimi nikasema, kesi imepanda juu, nani atanigusa?

Dalali wa korti akaja saa tatu asubuhi na lori na wabebaji wanne. Nikamwonyesha ukuta. Akasoma yote, hiyo sifa nitampa.

"Mama, hii ni rufaa tu. Rufaa haizuii mtu. Amri ya kusimamisha iko wapi?"

"Si hiyo?"

"Hiyo huombwa kando."

Nikampigia wakili. Akaongea kwa kunong'ona, kumbe yuko kortini na binti yangu.

"Nimeiomba, Mama. Jaji ameshika faili sasa hivi. Lakini sikiza vizuri: amri itasema hali ibaki ilivyo. Ikikukuta nje, utabaki nje. Usitoke."

Nikavuta kigoda, nikakaa katikati ya chumba.

"Karatasi yako inasema utoe vitu vyangu," nikamwambia dalali. "Hivi vibuyu si vyangu vyote. Watu wa Kapseret huniletea vyao nivisugue na mkaa, nivijaze. Vitatu ni vya arusi ya Jumamosi. Andika kila kimoja na mwenyewe, usije ukashtakiwa wewe."

Alikuwa mtu wa kuogopa makosa. Akatoa kalamu.

Sijawahi kuongea polepole hivyo. Hiki cha shanga ni cha mwalimu. Hiki kimeshonwa ufa, ni cha mjane. Kibebwe wima, kimoja kimoja, maziwa yako siku ya nne, ukiyatikisa yameharibika. Jirani yangu wa mitumba akasimama barabarani akiwaimbia wabebaji: "Mwaga ya bibi arusi uone! Wewe mrefu, utaoa wapi tena hapa Uasin Gishu?" Yule mrefu akakumbatia kibuyu kama mtoto mchanga.

Lakini vibuyu huisha. Vikaisha. Simu ya wakili bado.

"Mama, umebaki wewe na kiti."

"Basi tuandike."

Hakucheka. Akamwita yule mrefu anitoe. Kijana akanishika mkono, akauachilia. "Mkubwa, huyu ni sawa na nyanya yangu. Siwezi."

"Haya. Nitafunga ukiwa ndani." Dalali akatoa kufuli jipya mfukoni.

"Funga."

Akauvuta mlango. Giza likaingia chumbani. Nikasikia pikipiki, halafu sauti ya binti yangu, imekauka: "Simama! Simama hapo!"

Mlango ukafunguka. Dalali alikuwa ameshika karatasi, anafuata mistari kwa kidole. Akaugusa muhuri kama anayepima kama umekauka.

"Hali ibaki ilivyo mpaka ombi lisikizwe," akasoma.

"Na hali ikoje?" nikamuuliza.

Akanitazama pale chini. "Mama uko ndani."

"Na vibuyu?"

"Vibuyu viko nje. Amri haisemi nivirudishe."

Akapanda lori, wakaenda. Orodha yake aliisahau juu ya mtungi wangu pale nje, na kwa hiyo orodha binti yangu na jirani wakavirudisha vyote, kimoja kimoja. Viwili vilikuwa vimelazwa juani, maziwa yakaharibika. Cha mjane ni kimojawapo. Hilo nilienda kumwambia mwenyewe baadaye, na sikumficha kitu.

Hata hivyo sikuinuka. Wakili alinipigia akaniambia nimeshinda kwa sasa, nitulie, naweza kutembea. Nikamwambia asante. Lakini choo cha ploti kiko nje, upande wa pili wa ua, na nilikuwa nimejizuia tangu asubuhi.

"Njoo ukalie hiki kiti," nikamwambia binti yangu. "Usiinuke hata ukiitwa."

Alipokaa kabisa, ndipo nikatoka.