Kijiji Kilichoandikwa Mara Mbili

Mwaka 2015 serikali ya Kinshasa iliikata Katanga vipande vinne, na sisi tuliokuwa Johannesburg tukakatika vilevile.

Sikutegemea jambo hilo litufikie. Nilikuwa fundi cherehani. Nilipanga chumba katika ghorofa kuukuu la Berea, na mchana nilishona katikati ya mji, kwenye kibanda nilichogawana na fundi viatu. Jumapili baada ya kanisa, watu wa Katanga tulikutana katika jengo lililokuwa ofisi zamani, ghorofa ya tatu, lifti imekufa. Aliyefiwa tulikaa naye. Aliyejifungua tulimpikia. Hakuna aliyemuuliza mwenzake katoka pande zipi za Katanga. Ilitosha kwamba aliuita ugali bukari na kwamba akilishwa pap ya hapa alinuna kidogo.

Mikoa mipya ilipotangazwa, wengi walisema ni mambo mapya. Mimi nilijua si mapya. Zilikuwa zile distrikti za Wabelgiji, zimefufuliwa na kubandikwa jina la mkoa. Tanganyika ilikuwa upande wa ziwa, ambako Wabelgiji walitazamana na Wajerumani na baadaye Waingereza. Haut-Lomami ilikuwa magharibi yake. Waluba, Wahemba, Wataabwa, Watumbwe, wote walitiwa ndani ya mistari hiyo bila kuulizwa. Niliyajua hayo kwa sababu baba yangu alikuwa karani wa teritware, yaani ofisi ndogo chini ya distrikti, na utotoni nilijifunza majina hayo kabla ya kujifunza majina ya miezi.

Mwaka uliofuata chama chetu kikawa vyama vinne. Hapakuwa na ugomvi. Watu walisimama tu, Jumapili moja, wakaenda kwenye pembe nne za chumba kama wanafunzi wanaopangwa timu. Mimi, mzaliwa wa Kalemie, nikaenda pembe ya Tanganyika. Yaya alibaki katikati.

Yaya hakuwa ndugu yangu wa damu. Alikuwa msusi, mwanamke wa karibu miaka sitini, na tulikuwa tumeishi chumba kimoja tangu mwaka wa pili wa kufika kwangu. Kwa desturi yetu mwanamke aliyekutangulia unamwita yaya, dada mkubwa, na yeye alinifanyia udada wote: alinifundisha kupanda teksi, kuvuka kwenye roboti, taa za barabarani za hapa, bila kugongwa, na kujibu salamu kwa Kizulu. Alizaliwa katika kijiji kidogo kusini magharibi mwa Manono. Sasa alisimama katikati ya chumba, mkoba kifuani, akitazama pembe moja, kisha nyingine.

Alikwenda kwanza kwa watu wa Tanganyika. Mwenyekiti wao, muuza vipuri vya magari, alikuwa mtu mpole.

“Mama, tunakupenda,” alimwambia. “Lakini kitambulisho chako kinasema umezaliwa Haut-Lomami. Ungeanza na wenzako wa kule.”

Akaenda kwa wa Haut-Lomami. Katika bahasha ya plastiki alikuwa na buku ya marehemu baba yake, kile kijitabu walichopewa watu enzi ya Mbelgiji. Waliifungua, wakasoma, wakamrudishia.

“Baba yako ameandikwa Manono. Manono ni Tanganyika. Wenzako ni wale pale.”

Tulirudi Berea kwa miguu. Tulipofika aliweka sufuria jikoni, akasahau kuwasha jiko, akakaa kitandani.

“Nimeishi katika mji huu miaka ishirini,” alisema. “Siku nikifa, nani atatandika mkeka?”

“Mimi,” nilisema.

“Wewe ni mmoja. Msiba hauliliwi na mtu mmoja.”

Ndipo nilipomkumbuka baba. Ninaposema nilimkumbuka, sina maana kwamba nilikuwa nimemsahau. Nilimtamani kila siku. Lakini niliondoka nyumbani mwaka 2009 bila kumuaga, kwa sababu nilijua angenizuia, na tangu hapo maongezi yetu ya simu yalikuwa salamu tupu. Hujambo, baba? Sijambo. Mvua? Imenyesha. Ziwa? Lipo. Kisha mdogo wangu, aliyeishi naye, alichukua simu, nami nilibaki na hamu ya sauti ambayo nilikuwa nimeisikia dakika moja tu iliyopita.

Jumapili iliyofuata nilimpigia mchana nikamwambia, “Baba, nina swali la kazi yako.”

“Kazi gani? Mimi ni mstaafu.”

“Mambo ya distrikti.”

Nilisikia kiti kikivutwa. Nilimweleza habari za Yaya, buku ya baba yake na kitambulisho chake, majina mawili ya distrikti kwa familia moja. Aliniacha nimalize, kisha akauliza jina la kijiji. Nilimtajia. Akauliza jina la kijito kinachopita karibu nacho. Nilimgeukia Yaya, Yaya akalitaja, nami nikalirudia kwenye simu.

Baba alilirudia jina hilo polepole, mara mbili.

“Kijito hicho nakijua,” alisema. “Nilikuwa na miaka kumi na tisa. Ilikuwa safari yangu ya kwanza ya kazi.”

Hakuwahi kutusimulia hayo, si mimi, si mama, si mdogo wangu. Alisema Bwana Teritware, Mbelgiji mwenye ndevu nyekundu, alitaka vijiji vyote vikae kando ya barabara, ili watu wahesabike bila shida na pamba yao ibebwe na lori. Kijiji cha kina Yaya kilikuwa ng'ambo ya kijito, mbali na barabara. Wakapewa siku chache wabomoe nyumba, wabebe miti, wavuke, askari wakiwasimamia. Baba alikaa mezani chini ya turubai akiandika majina ya waliovuka. Mwaka uliofuata wakubwa wa distrikti mbili walikutana pale, kila mmoja na gari lake, wakakubaliana kijito kiwe mpaka. Kijiji kipya kikaangukia Haut-Lomami.

“Majina yakaandikwa upya katika buku za kule,” baba alisema. “Lakini huku kwetu hakuna aliyeyafuta. Kwa hiyo kazi ya barabara ikitangazwa Manono, waliitwa. Ikitangazwa kule, waliitwa tena. Na mashamba yao yalibaki upande wa zamani. Walilala distrikti moja, wakalima distrikti nyingine.”

Simu ilikuwa imewekwa sauti ya juu, na Yaya aliyasikia yote. Alinyoosha mkono nikampa.

“Baba,” alisema, “shikamoo.”

“Marahaba, mama.”

“Ni wewe uliyetuandika?”

“Ni mimi. Nilikuwa kijana, mama. Nilishika kalamu tu.”

“Aliyeshika bunduki hakutuandika,” Yaya alisema. “Aliyeshika kalamu ndiye.”

Sijawahi kumsikia mtu akisema na baba yangu namna ile. Nilitaka kumnyang'anya simu. Baba alikohoa, akasema polepole, “Ni kweli. Nisamehe.”

Yaya hakusema amesamehe. Alijifuta mkono kwenye kanga kana kwamba umelowa, kisha akauliza swali ambalo sikulitarajia.

“Ng'ambo kule, mahali pa zamani, palikuwaje? Mimi nilizaliwa baada ya kuvuka. Mama yangu alipasifia mpaka akafa, lakini kila nilipomuuliza pakoje, alilia tu.”

Na baba akaanza kumweleza. Michikichi ilikuwa mistari miwili, si mingi, labda thelathini. Nyumba zilitazama kijito. Wanawake waliloweka muhogo kwenye maji yaliyotuama nyuma ya jiwe kubwa jeupe, na harufu yake ilikufikia kabla hujaviona vibanda. Palikuwa na mhunzi. Palikuwa na kanisa la nyasi, dogo kiasi kwamba waumini wengine walisali wamesimama nje.

“Ulimwona mwanamke mwenye mimba?” Yaya aliuliza. “Mrefu, mwenye kovu hapa kwenye kidevu?”

“Wenye mimba walikuwa wengi, mama. Sitakudanganya.”

Yaya alitikisa kichwa, ingawa baba hakuweza kumwona. Machozi yalikuwa yanamtoka na alikuwa anatabasamu.

Tangu siku ile Jumapili zetu zilibadilika. Baba alikuwa akisubiri. Mdogo wangu aliniandikia kwamba tangu asubuhi mzee amevaa shati lake la mikono mirefu kwa ajili ya simu. Mara nyingi aliongea na Yaya kwanza, akikumbuka jambo jipya, njia ya kwenda kisimani au wimbo waliouimba watu wakibeba miti. Kisha alisema, “Nipe mwanangu,” nasi tukaongea, sasa kweli tukaongea. Nilimuuliza mambo ya ujana wake. Aliniuliza nashona nini, nani ananipikia, Johannesburg kuna baridi kiasi gani. Siku moja nilipata moyo.

“Baba, nilipoondoka bila kukuaga, ulikasirika?”

“Nilikwenda bandarini kukutafuta,” alisema. “Halafu nikaenda stesheni. Sikukasirika. Nilikuwa nimekuletea koti, maana nilipata habari unakokwenda, na nilisikia huko ni baridi.”

Koti lenyewe, alisema, alimpa mdogo wangu, na mdogo wangu alilivaa hadi likachakaa. Nilimpa Yaya simu, nikatoka kwenye ngazi za jengo, nikalia hadi jirani akaja kuniuliza kama nimeibiwa.

Kuhusu chama, baba aliandika barua kwa mkono wake, kwa zile herufi za makarani wa zamani, zote zimeinama upande mmoja. Mdogo wangu aliipiga picha akaituma. Barua ilisema kwamba yeye, karani mstaafu, anashuhudia kwamba watu wa kijiji kile waliandikwa Tanganyika kwanza na hawakufutwa. Mwenyekiti muuza vipuri aliichapisha, akaisoma mbele ya watu, akainua macho.

“Sasa tunaye mama yetu,” alisema.

Yaya alipigiwa makofi. Mzee mmoja wa Haut-Lomami, aliyekuwa ameketi pembe yao, akapaza sauti kwamba kwa barua hiyohiyo wao pia wana haki naye, na watu wakacheka. Tangu hapo alikaribishwa pande zote mbili. Hata hivyo hakuwa na raha kamili. Alisema zamani alikuwa akiingia chumba kile kama mtu anayeingia kwao. Sasa alikuwa mtu aliyekubaliwa, na kukubaliwa ni kitu kingine.

Alichokitaka kilikuwa kwenda huko ng'ambo ya kijito. Alianza kuzungumza habari za safari mwaka 2017, lakini wakati huo barabara za Manono hazikuwa salama, watu walikuwa wanakimbia vijiji vyao, na baba mwenyewe alimkataza. “Subiri, mama,” alimwambia. “Kijito hakitahama.”

Baba hakusubiri. Alifariki mwaka 2018, wakati wa kiangazi cha kule kwetu, alasiri, amelala kidogo baada ya chakula. Mdogo wangu alinipigia nikiwa kibandani, nikipima mteja kiuno. Nilimaliza kumpima, sijui kwa nini. Niliandika namba zake kwenye karatasi vizuri kabisa, nikamwambia aje Ijumaa, kisha nikakaa chini.

Sikuweza kwenda kumzika. Karatasi yangu ilikuwa ya mwombaji hifadhi, na mwenye karatasi ile akitoka nchini amejifungia mlango. Yaya alikuwa na paspoti na kibali. Mimi sikuwa na kitu. Nilitandika mkeka chumbani Berea. Watu wa vyama vyote vinne walikuja, hata wale wa Haut-Katanga na Lualaba, na Mtanzania wa Kigoma aliyeniuzia nyuzi akaja na mkewe, akasema kwao na kwetu ni maji tu yanayotenganisha. Walikaa kwa makundi yao, kila chama upande wake, lakini walilia pamoja. Yaya alisimama katikati akaeleza marehemu alikuwa nani. Hakuficha habari ya kalamu. Alisema, “Alitutoa mahali petu, na kati ya wote waliotutoa, yeye ndiye pekee aliyekumbuka pakoje.”

Mwaka 2019 alikwenda. Alipanda basi pale Park Station akiwa na mabegi mawili na chupa ya maji, akapita Zimbabwe na Zambia, akafika Lubumbashi, akakaa wiki mbili akitafuta usafiri wa kwenda kaskazini. Nilipokea ujumbe wake wa sauti siku ya kazi, cherehani mbele yangu. Nilizima mashine nikasikiliza.

Alisema amevuka kijito, maji yalimfika magotini tu. Ng'ambo kuna msitu mchanga na mashamba ya watu asiowajua. Jiwe jeupe lipo, ingawa ni dogo kuliko alivyosema baba. Michikichi aliiona minne. Mwanamke aliyekuwa akiloweka muhogo alimuuliza katoka wapi, anatafuta nini.

“Nikamwambia natoka Johannesburg,” alisema Yaya. Nyuma yake nilisikia maji na kuku. “Akauliza, huko ni distrikti gani? Nikacheka, mdogo wangu, nikacheka mpaka akaogopa. Halafu akanipa muhogo wa kuchoma. Nimekaa hapa. Nimeona nikuambie kwamba nimekaa.”

Nilisikiliza ujumbe ule mara tatu. Fundi viatu aliniuliza kuna habari gani nyumbani.

“Njema,” nilimwambia. Nikauliza kama anajua ni lini ofisi ya wakimbizi inafungua foleni ya watu wa Kongo, kwa sababu karatasi yangu ilikuwa inaisha mwezi ujao. Akasema anadhani ni Jumatano, niende mapema.