Ugoro wa Baba Mkwe

Juzi barazani Ifakara mkulima mmoja wa Idete alimwomba hakimu amwongezee fidia. Lori lilimvunja mkono wa kulia, hawezi tena kuvuna mpunga. Wakala wa mwenye lori alidai anajifanya. Akamnong'oneza baba mkwe wa mkulima ampe ugoro ghafla. Mzee, naye ana mashaka yake, akakubali.

Mkulima akapokea kwa mkono wa kushoto, macho chini. “Niwie radhi, baba.”



“Kafundishwa huyu,” wakala akasema.

Hakimu akamtazama. “Bwana, wewe umeoa?”

“Bado.”

“Basi kaa chini.”

Fidia ikaongezwa. Mimi hushuku hata kivuli changu, lakini sijaona fedha ya kumfanya mtu mzima amnyooshee baba mkwe mkono wa kushoto.