Sahani ya Mama Mkwe na Nyama ya Kusaga

Siku moja ninaikumbuka, mwanangu, ilikuwa Jumatano, na mpaka leo nikisikia harufu ya tangawizi kwenye mafuta ya moto, masikio yananiwaka kwa aibu, halafu nacheka peke yangu kama mwendawazimu. Nakusimulia kwa sababu ninyi vijana mnaorudi kazini jioni mmechoka mnanisumbua kila mara niwafundishe kile chakula changu cha nyama ya kusaga na wali katika sufuria moja, kile ambacho wajukuu wangu wanakiita "Kichina cha bibi". Kukifundisha ni rahisi. Lakini mimi sifundishi sufuria bila kufundisha kichwa. Shule niliishia darasa la nne, kalamu ikanishinda. Mwiko haujanishinda hata siku moja, na hilo nitalisema hata mbele ya kanisa zima.

Wakati huo nilikuwa mke mpya katika kambi ya polisi, Kampala, upande wa Nakawa. Mimi mtoto wa Busia, upande wa Kenya, Mkristo wa kubatizwa na kuimba kwaya. Mume wangu Rajabu, polisi, Mwislamu kutoka Yumbe kule kaskazini. Kambini hakuna aliyeshangaa. Kambi ni kachumbari, kila mtu na dini yake na kabila lake, na Kiswahili ndicho chumvi, kila mtu akikivunja kwa namna yake. Tulikaa katika yunipoti, kile kijumba cha bati cha duara wanachopewa polisi. Mchana unaiva humo ndani kama mkate, na mvua ikinyesha mnazungumza kwa mikono.

Aliyeshangaa ni mama mkwe wangu, Mama Hawa. Hakunitukana, sitamsingizia marehemu. Lakini kila alipokuja kututembelea alikuja na sufuria yake mwenyewe, ameifunga ndani ya kitenge kama mtoto mchanga. Anashuka, ananisalimu vizuri, ananishika mkono, ananiombea dua, halafu anawasha sigiri yake nje, anaweka makaa yake, anapika dagaa wake.

"Si wewe, mwanangu," aliniambia. "Ni tumbo langu tu, limezoea mambo yake."

Tumbo! Kambi nzima ilijua si tumbo. Mwanamke wa kambi akiona mama mkwe wa mwenzake anapika nje peke yake, haulizi kitu, anakwenda kusimulia. Mwaka ule wa pili wa ndoa nilitaka jambo moja tu duniani, yule mama ale chakula cha mkono wangu. Nguo sikutaka, wala kitanda kipya. Nilitaka ale.

Basi Jumatano hiyo alikuwa amekuja Kampala kwa daktari wa macho. Akarudi mchana, macho mekundu yanamiminika dawa, akakaa kwenye mkeka akasema, "Leo moshi siuwezi. Nitakula chako."

Mwanangu, ningepika maharage, ningelala salama. Mama Hawa alipenda maharage. Lakini kiburi kikanipanda. Kabla ya kuolewa nilifanya kazi za nyumbani kwa mama mmoja wa Kichina pale Bugolobi, ambaye mume wake alikuwa anajenga barabara. Yeye hakuwa na Kiswahili, mimi sikuwa na Kichina, tulielewana kwa vidole na kwa kuonja. Siku za kazi alirudi amechoka kama ninyi, akachukua nyama ya kusaga, sosi ya soya, tangawizi na wali, na kabla sijamaliza kupiga pasi mashati mawili chakula kiko mezani. Nikakichukua kichwani, nikakiongezea mambo yangu. Nikajiambia, leo mama mkwe atajua mwanawe hakuokota mke barabarani.

Nyama nilinunua kwa mzee wetu wa kuchinja kwa halali, ndani ya soko. Hapo sikukosea. Kilo moja, nusu ya kusaga na nusu ya kesho. Ila yule mzee hakuwa na mashine. Akaniambia, "Kaa, binti, nikukatekatie kwa kisu." Nikaangalia jua, nikaona linanikimbia. Nikasema asante baba, nikaondoka. Pale kwenye kona kulikuwa na duka jingine la nyama lenye mashine mpya, inang'aa kama meno ya dhahabu. Nikampa mwenye duka nusu kilo yangu anisagie.

Nyama ilikuwa ya halali. Mashine je? Nilimwona akiifuta mdomo kwa kitambaa, na kitambaa kile kilikuwa na mafuta meupe mengi kuliko ya ng'ombe yeyote niliyemjua. Swali likanijia mpaka kwenye ulimi. Nikalimeza. Haraka nilikuwa nayo, kweli, lakini nikuambie yote, nililiogopa jibu.

Sasa sikiliza, maana hapa ndipo chakula chenyewe. Mchele unaosha, unauchemsha nusu, ubaki na moyo mgumu katikati. Mafuta kidogo, vitunguu, halafu tangawizi na kitunguu saumu vya kuponda, vingi, usiwe bahili. Nyama inaingia, unaivunjavunja kwa mwiko isishikane mabonge, mpaka maji yakauke ianze kulia chwaa. Ndipo unatia sosi ya soya, ile nyeusi ya chupa. Chumvi iache mkebeni! Ile sosi ni chumvi iliyovaa suti. Ukiongeza nyingine, wageni watakunywa mtungi mzima wa maji na kukuombea msamaha. Kabichi na karoti nyembamba, zisilainike sana. Unachanganya na wali, unamwagia kikombe cha supu, unamimina mayai ya kupiga juu, unafunika. Sisi tuliweka makaa machache chini na makaa mengi juu ya mfuniko. Wewe mwenye oveni, nenda kaoge, ukirudi kimeiva. Juu kahawia, pembeni kimekauka kaukau, na hapo pembeni ndipo watu wanapogombana.

Kilinukia mpaka akaja Nalongo, jirani yangu Mganda, mama wa mapacha, mwanamke ambaye pua yake ilifika mahali kabla yake. Akafunua mfuniko kwa kitambaa, akapiga ukelele.

"Maama! Sasa chakula iko wapi na mchuzi iko wapi? Umechanganya yote kama unalisha mgonjwa!"

Kwa Waganda chakula ni chakula na mchuzi ni mchuzi, kila kimoja na heshima yake.

"Ni mapishi ya Kichina, Nalongo. Funika, unanitolea moto."

"Kale, nafunika. Na nyama nani alikusagia, laini hivi?"

"Yule wa kona, mwenye mashine mpya."

Akaacha kucheka. Akaangalia nje alipokuwa Mama Hawa, akanisogelea. "Bambi, nyabo, pole dada yangu. Yule si ndiye anasagia watu nguruwe ya soseji? Mimi mwenyewe nimechukua yangu pale leo asubuhi."

Nikaangalia sufuria, nikaangalia nje.

"Nyamaza tu," akaninong'oneza. "Mama mkwe macho imejaa dawa. Na nguruwe ikisagwa, haina jina."

Nje, Mama Hawa alikuwa anatawadha kwa sala ya magharibi. Nikamsikia akimwambia Rajabu, aliyekuwa ametoka kazini muda huo, "Leo naonja mkono wa mke wako." Alisema kwa furaha. Hilo ndilo lililonichoma. Miaka miwili nimelingoja neno lile, na limekuja siku ambayo sitakiwi kulisikia.

Sala ilipokwisha, nikapakua. Ndiyo, nilipakua, usinitolee macho. Nikamwekea pembeni pale palipokauka vizuri, nikampelekea kwa magoti. Nalongo akabaki nyuma ya mlango kama paka. Mama Hawa akasema bismillahi, akachota, kijiko kikapanda.

"Mama, usile!"

Sijui niliruka vipi. Niliikamata sahani kwa mikono miwili, ikanitoka, wali ukamwagikia Rajabu na sare yake aliyopiga pasi kwa ajili ya gwaride. Kipande cha yai kikamkaa begani kama nyota ya cheo kipya.

"Mwanamke, una wazimu?" akanguruma.

"Nyamaza, Rajabu," mama yake akasema. "Mwache aseme."

Nikasema. Nyama ya mzee wa soko, kisu chake nilichokikataa, mashine ya kona, soseji za Nalongo. Nilisema nikilia, makamasi na yote. Mama Hawa aliweka kijiko chini polepole. Akaniuliza jambo moja.

"Ulijua saa ngapi?"

"Sasa hivi, mama. Nalongo aliniambia, kabla sijapakua."

"Basi kwa nini ulipakua?"

Mwanangu, nimeulizwa maswali na polisi, na mapadri, na madaktari. Hakuna swali lililonivua nguo kama lile.

"Mashine ni haraka," akasema, "na haraka hata mimi ninayo. Kisu cha mzee ulikikataa, hiyo nayo ni haraka. Lakini kupakua umepakua ukijua. Hukutaka mimi nishibe. Ulitaka wewe usifiwe. Mtu akinilisha nisichokitaka, huyo na anayeniibia ni ndugu."

Kisha akanyoosha mkono akavuta kile kitenge chake, akaifungua sufuria. Nikajua yamekwisha. Anapika chake, na safari hii atapika chake mpaka kiama.

"Hiyo nusu ya kesho iko wapi?" akauliza.

"Kwenye ndoo, mama. Haijaguswa."

"Lete. Na visu viwili. Na ubao. Sufuria yako mpe huyo aliyejificha nyuma ya mlango, maana yeye nguruwe anamjua kwa jina."

Nalongo akatoka bila haya hata chembe. "Webale nyo, maama," akamshukuru, akaibeba sufuria yote na mfuniko wake, makaa na yote. Wale mapacha walikula mpaka wakalala kwenye sahani, na tangu siku hiyo hakusema tena chakula iko wapi.

Tukakaa chini, mimi na mama mkwe, magoti yanagusana, visu viwili, tak tak tak tak, nyama ikilainika chini ya mikono yetu. Alinifundisha kuikunja na kuigeuza kama unga wa chapati, kukata tena, kukunja tena. "Ya mashine haina meno," akasema. "Hii ikikutana na ulimi inaongea." Hakukiacha kisu chake hata machozi ya dawa yalipomtoka. Nikapika ndani ya sufuria yake. Chakula kilichelewa, Rajabu akala akiwa amevaa shuka, sare imelowekwa. Mama Hawa alikula mpaka sahani ikabaki nyeupe. Alipomaliza akafuta mdomo.

"Hakina pilipili," akasema. Halafu akaninyooshea sahani niongeze.

Sasa shika hili, mwanangu, na ulishike kwa mikono miwili. Kuuliza si ujinga. Muulize mwenye mashine kabla hujampa nyama, muulize mgeni anakula nini kabla hujawasha moto, na ukijiona unakwepa swali, jua jibu lake tayari unalo moyoni. Haraka haraka haina baraka, hilo ulilisikia tangu unanyonya, lakini haraka Mungu anaisamehe. Asilolipenda ni kukosea, kisha kupamba kosa na kulipeleka kwa magoti. Ukishajua, sema. Sema kabla ya kupakua. Ukichelewa, sema kijiko kikiwa hewani, hata kama utamwagia mume wali. Aibu ya kusema inachemka mara moja inapoa. Ya kunyamaza inakaa kwenye makaa maisha yako yote. Na dini ya mtu, hata ukiona ni mambo ya tumbo tu, usiichezee ndani ya chakula, kwa sababu mtu anapofungua mdomo mbele yako amekukabidhi roho yake.

Nenda, mwanangu, kapike. Mungu akuepushe na njaa na sifa za bure. Wanaokula kwako wale bila kuchunguza, kwa sababu wanakujua. Mikono yako ipate kazi, kazi ipate riziki, riziki ipate watu wa kukaa nayo jikoni. Na ukiingia kwa wakwe, uingie na ukweli wako wote, nao wakupokee kama walivyonipokea mimi. Amina, na amina ya waliolala.