Ratiba ya Kaka Mwambaoni Nyasa

Kaka yangu aliingia Songea akitokea Dodoma na fulana tatu za rangi ya chungwa, moja yake, moja yangu na moja ya mama, zote zimeandikwa kifuani TURUDI TULIKOTOKA. Nikamuuliza, kwani tulipotea? Hakucheka. Kaka ni mkubwa wa idara, na watu wa namna hiyo wakitaka kucheka husubiri kwanza bosi wao acheke. Akanikabidhi karatasi iliyopigwa chapa: Ratiba ya Safari ya Kumbukumbu, Mwambao wa Ziwa Nyasa. Saa kumi na mbili kamili asubuhi, kuondoka nyumbani kwa mama, mtaa wa Lizaboni. Kisha vituo vinne vya kumbukumbu, kila kimoja na muda wake wa picha.

Mama hakuisoma hiyo ratiba. Macho yake yamefunikwa na mtoto wa jicho, na hata yangekuwa mazima, yeye safari hii alikuwa na jambo moja tu. Kabla yetu sisi alizaa mtoto wa kike kule ziwani, alikokuwa akiishi na baba. Mtoto akaishi siku nne. Mwaka huu magoti ya mama yalipoanza kugoma, aliniambia wazi, "Nataka kwenda kumuaga mwanangu. Nikishindwa sasa, basi tena." Mimi binti yake nikampigia kaka simu, kwa sababu ndiye mwenye gari. Ujinga wangu unaanzia hapo.

Tulipita Mbinga, tukateremka milima ya Umatengo kona baada ya kona, na baridi ya Songea ikabaki huko juu. Mbamba Bay jua lilikuwa linawaka kwelikweli. Mama alikuwa amelowa jasho, maana fulana aliivaa juu ya gauni, na juu ya fulana akajifunga kitenge, akakataa kuvua chochote. Tukaiacha lami, tukashika barabara ya vumbi kuelekea kijiji chetu cha zamani, ambako mtalii hafiki labda awe amepotea njia.

Kituo cha kwanza kilikuwa jabali la pwani ya ziwa, ambapo ratiba ilidai kaka alijifunza kuogelea. Jamani, kaka yangu hajui kuogelea! Maji yakimfika magotini anaanza kutafuta pa kushika. Lakini alipanda juu ya jabali, akanipa simu nimrekodi, akaeleza jinsi alivyokuwa akipiga mbizi akiwa mdogo. Ungemsikia ungedhani alilelewa na mamba. Nikamrekodi mpaka mkono ukaniuma, halafu akasema turudie, kwa sababu upepo ulimfunua kitambi.

Cha pili kilikuwa duka la zamani, bati limeng'oka, mbuzi amelala kwenye kaunta. "Hapa ndipo tuliponunua peremende," kaka alisema. Peremende zipi? Tulitumwa mafuta ya taa na chumvi, na ukichelewa unachapwa. Lakini kaka ni wale wanaopenda zamani ikishafagiliwa na kupakwa chokaa. Cha tatu kilikuwa darasa letu la chekechea, nalo halipo, kwa hiyo tulipiga picha na uwanja.

Kila tuliposimama mama alibaki garini na kuuliza, "Tumefika?"

"Bado mama, itifaki kwanza," kaka akajibu. Nilitamani kumrushia kiatu.

Kituo cha nne, kilichoandikwa kwa wino mzito, kilikuwa kaburi la dada yetu. Mwaka jana kaka alituma saruji na vigae kwa binamu yetu anayeishi pale kijijini, akamwagiza kwa simu alijengee. Akatumiwa picha, akairusha kwenye kundi la ukoo, watu wakammiminia pongezi. Wote tukasahau jambo ambalo kila mtu wa kwetu analijua. Zamani, mtoto aliyekufa kitovu hakijadondoka alizikwa na wanawake peke yao, nyuma ya nyumba ya kupikia, bila matanga. Wanaume waliambiwa tu kwamba tayari. Hawakuonyeshwa mahali, wala hawakuuliza. Sasa binamu angejulia wapi? Na angethubutuje kumwambia mkubwa kutoka Dodoma kwamba hajui? Akachagua mahali palipoinuka kidogo, akajenga.

Kaburi lilikuwa linameta. Vigae vya buluu na vyeupe, vilevile vya bafuni, na maandishi: PUMZIKA MTOTO WETU. Kaka alimshika mama mkono, akamsogeza, akakohoa kuanza hotuba. Mama akapapasa vigae. Akauliza nyumba yetu ilikuwa upande gani, nikamweleza yalipo mabaki ya msingi, hatua kama thelathini hivi. Akageuka kulia, akageuka kushoto. Halafu akasema taratibu:

"Mwanangu, hapa tulikuwa tunatupa majivu."

Jalala! Tumelijengea jalala kaburi la vigae! Mimi nilicheka, sikufichi. Nilicheka mpaka nikakaa chini. Dodoma yote na itifaki yake, tumepumzisha majivu na maganda ya muhogo.

Mama hakucheka. Alisubiri ninyamaze, kisha akanigeukia. "Na wewe unacheka nini? Wewe nilikuonyesha."

Ni kweli alinionyesha. Nilikuwa darasa la tano, tumekuja likizo, akanishika mkono akanisimamisha mahali akasema, "Angalia vizuri, wewe ndiye utakayepajua." Nami nilikuwa nimevaa nguo ya kuogelea, nasikia wenzangu wanapiga kelele majini. Nikasema nimeona. Sikuona kitu. Safari nzima nilikuwa namsimanga kaka moyoni, kumbe yeye hakuwahi kuonyeshwa, na mimi nilionyeshwa nikapuuza.

"Nipeleke basi," mama akasema.

"Mama, sikumbuki."

Hakunigombeza, na heri angenigombeza. Alisimama tu na fulana yake ya chungwa, ameshika mkono wa kaka. Nyumba ya kupikia haikuwa na msingi wa mawe, ilikwisha zamani. Nikaona kabisa kwamba tutarudi Songea hajamuaga mtu.

Kisha akauliza, "Kile kisiwa cha ziwani kinaonekana?"

Nikasema kinaonekana.

"Nilikuwa nikisimama pale alipo mwanangu, jabali linakikata kisiwa katikati. Nusu nakiona, nusu sikioni. Nilisimama hivyo kila jioni mpaka tulipohama. Nenda ukatafute."

Kaka akataka kukimbilia, mama akamvuta. "Si wewe. Mwenzio."

Nikaenda nikitazama ziwani, kisiwa kikitoka na kuingia nyuma ya jabali, nikijikwaa kwenye matuta ya muhogo, machozi yananichuruzika na jua linaniumiza macho. Kisiwa kilipobaki nusu, nilikuwa nimesimama uani kwa mgahawa mdogo wa ufukweni, mbele ya mama mmoja wa makamo anayekaanga samaki. Nikamwamkia, nikamweleza kwa kigugumizi. Hakuniuliza hata swali moja. Aliipua karai, akalibeba jiko lake na makaa yake akalipeleka mbali, akafagia pale mahali, akatandika mkeka.

Nikarudi kuwachukua mama na kaka. Mama alikaa juu ya mkeka, akavua fulana ile, akaiweka pembeni. Akaweka kiganja mchangani. Aliongea kwa Kinyasa, kwa sauti ya kumwongelesha mtoto aliyelala, nami sikuelewa yote. Kaka alipotaka kusogea, mwenye mgahawa akamzuia, "Baba, hapa ni kwetu wanawake." Kaka akasimama kwenye mchanga wa moto, simu mfukoni, hana ratiba wala pa kuweka mikono.

Mama akaniuliza, "Umepaona sasa?"

"Nimepaona, mama."

"Na wewe utamwonyesha nani? Umezaa wavulana watupu."

Nikamtazama kaka kule mchangani. Mama akausawazisha mchanga kwa kiganja. Mwishowe akasema, "Mwite kaka yako. Avue viatu."

Mwenye mgahawa akaguna, lakini akampisha. Kaka akaja miguu mitupu, kitambi na yote, akachuchumaa kwa shida. Mtu ambaye ofisini kwake shikamoo huwa anazipokea tu.

"Msalimie," mama akamwambia. "Ni mkubwa wako huyu."

Kaka akainamia mchanga, mabega yanatikisika, akasema, "Shikamoo, dada."

Mama akamwitikia marahaba, kwa niaba yake.