Baba Hakusema Turudie

Baba yetu ni Mjerumani, hutengeneza filamu, na tangu utotoni mimi na dada yangu ni waigizaji wake wa bure. Mimi ndiye mharibifu. Tukikaribia kumaliza tukio, natoa ulimi makusudi, na Baba anafoka, "Turudie, we nyani!"

Mwezi uliopita yeye na Mama waliachana, akatuacha mtaani kwetu Kensington na kurudi kwao moja kwa moja. Getini alitukumbatia. Dada alilia vizuri kuliko kwenye filamu zote. Baba alipofungua mlango wa teksi nikatoa ulimi, mrefu kabisa, nikasubiri.

Aliniangalia.

"Imetosha, mwanangu," akasema, kama anavyosema jioni kazi ikiisha.

Eish. Teksi ikaondoka, na mimi ulimi bado uko nje.