Sahani za Waingereza kwenye Nyumba ya Eda

Shangazi yangu wa Kariakoo alipofiwa na mumewe akaingia eda, na chakula nacho akakiaga. Uji unarudi, wali unarudi. "Nimeshiba," anasema, mashavu yamebonyea. Nikaogopa kweli. Tumetoka kuzika juzijuzi tu, jamani, tuzike tena?

Nikaenda kwa Mangi, Mchaga anayeuza flashi za muvi mtaa wa pili. "Mangi, nina mjane yuko eda. Niwekee kitu cha kumchangamsha, ila cha heshima."

Nachomeka kwenye televisheni, lo! Picha nyeusi na nyeupe. Vipindi vya Waingereza, vya miaka ile vita kuu ya pili imekwisha tu: mtangazaji na tai ya kipepeo, mabinti wanarusha miguu, mchekeshaji anaangukia kinanda. Nikampigia simu nimewaka. "Mangi, umenipa nini hiki?"

"Dada, si mnasema mwenye eda hatakiwi rangirangi? Nimehangaika hapa kutafuta kisicho na rangi hata kidogo!"

Mungu wangu! Rangi wanazokatazwa ni za nguo na hina, siyo za televisheni. Nilicheka mpaka nikakaa chini. Nataka kuzima, shangazi akanishika mkono.

Kwenye kioo bwana mmoja anazungusha sahani juu ya vijiti. Akiikimbilia hii, ile inalegea. "Ya mwisho! Ya mwisho kule, we baba!" shangazi akapiga kelele. Sahani ikaanguka, pwaa, naye akaangua kicheko chake kile cha kujipiga mapaja. Raha niliyoisikia siwezi kuisema.

Jirani yetu, mama mtu mzima, akaingia bila hodi. "Nyumba ya eda hii! Kicheko gani mpaka barabarani?"

"Nimekatazwa wanja na hina, mwenzangu," shangazi akamjibu, anafuta machozi. "Kucheka sijakatazwa. Kaa umwone huyu punguani."

Jirani akakaa. Muda si mrefu ndiye aliyekuwa anadai turudishe nyuma.

Adhuhuri ikatukuta wote watatu hoi, mbavu zinauma. Shangazi akauliza, "Kwani leo mmepika nini?"

Nilikimbilia jikoni nusura nivunje mguu. Wali wa nazi na samaki. Akala tonge la kwanza, la pili. Akamega kichwa cha samaki, akakiweka pembeni ya sahani, alivyozoea kumwekea mumewe. Akakitazama. Kisha akakivuta, akakila chote, mpaka macho.