Gemu za Mdogo Wangu na Neno la Siri la Mjomba

Mdogo wangu ana selimundu. Kwa wasioijua, ni ugonjwa wa damu ambao mtu huzaliwa nao, na maumivu yake huja bila hodi: leo miguu, kesho mgongo, kesho kutwa yuko wodini anaongezewa damu. Aliacha shule akiwa kidato cha pili, kwa sababu siku alizolala zilizidi siku alizosoma. Mama akamfundisha kudarizi kofia, kazi ya ukoo wetu hapa Tabora, na kumbe ana mkono mzuri kutushinda sote. Akiwa na nafuu alikaa ukumbini katika nyumba ya bibi, kule Cheyo, sindano mkononi. Asipokuwa na nafuu, alikuwa na gemu lake.

Gemu hilo alitumiwa na mjomba, kaka yake mama, aliyehamia Muscat kabla mimi sijazaliwa. Ni kimashine cha kushika kwa mikono miwili, kioo katikati, vitufe pembeni. Michezo yake haikuja kwenye kaseti wala sidii. Ilinunuliwa kwenye duka la mtandaoni, na mnunuzi alikuwa mjomba, kwa akaunti yake mwenyewe. Kila Idi alipiga simu, akisha kusalimia anamwambia mdogo wangu, "Haya, chagua mmoja." Mdogo wangu alikuwa ameshachagua tangu mwezi uliopita. Kwa miaka kumi na moja ikafika michezo kumi na tisa.

Memori ya kile kimashine ilikuwa ndogo, haibebi zaidi ya michezo sita. Akitaka kucheza wa saba, alifuta mmoja na kupakua mwingine. Hilo halikumsumbua. "Ipo dukani," alisema. "Imeshalipiwa, haiendi popote."

Mmoja tu hakuwahi kuufuta. Ulikuwa mchezo wa shamba: unaanza na kipande cha ardhi chenye mawe na jembe moja, unalima, unafuga, unajenga. Shamba lake aliliita Unyanyembe. Alikuwa na mizinga ya nyuki, alikuwa na viazi, na kila ng'ombe alimpa jina la shangazi yetu mmojawapo. Mama alikuwa akipita na ungo wa michembe anauliza, "Shangazi yako mkubwa amekamuliwa leo?" Naye anajibu bila kuinua macho, "Amekamuliwa, ila ana kisirani." Tulicheka sana mle ndani. Katika shamba hilo alikuwa anakimbia tangu asubuhi mpaka jioni. Yeye hakuwahi kulisema hivyo, nalisema mimi.

Bibi alipofariki, mjomba alitaka nyumba iuzwe. Kulikuwa na mfanyabiashara aliyeutaka uwanja ajenge fremu za maduka. Nyumba yenyewe ni ya udongo, nzito, ukutani unapaka chokaa leo, mwakani inamenyuka. Lakini uwanja ni mpana, na wazee wanasema misafara ya kwenda Ujiji ilikuwa ikitua mizigo hapo. Bila sahihi ya mama isingeuzika, na mama alikataa. "Nimezaliwa chumba kile pale," alimwambia kaka yake kwenye simu, "na nimezalia chumba kile kile." Mjomba akakata simu. Idi iliyofuata hakupiga.

Mimi ni karani wa masjala katika ofisi moja mjini. Jumamosi, ofisi ikiwa tupu, nilikuwa namruhusu mdogo wangu aje atumie mtandao. Mlinzi alishamzoea, anamsaidia kushuka kwenye bajaji. Jumamosi moja nilikuwa napanga majalada, nikamsikia anasema, "Dada, njoo usome hapa."

Kwenye kioo palikuwa na tangazo. Duka la vile vimashine vya zamani lingefungwa mwishoni mwa mwezi unaofuata. Wenye michezo yao waipakue mapema. Baada ya hapo haitapatikana.

"Si upakue?" nikamwambia.

"Nimejaribu. Inaniuliza neno la siri. Miaka yote haijawahi kuniuliza." Akanigeuzia kioo. "Mjomba amelibadilisha."

Alikuwa ameshalifikiria jambo lile kuliko nilivyodhani. Alitoa karatasi ya kuchorea nakshi za kofia. Nyuma yake alikuwa ameandika michezo yote kumi na tisa na ukubwa wa kila mmoja. Alinieleza taratibu, kama anamfundisha mtoto: angeteremsha michezo sita, aunganishe kimashine na kompyuta kwa waya, aihamishie kwenye diski, aifute, ateremshe mingine sita. Hata shamba lake angelitolea nakala. Diski alishaazima kwa rafiki yake. "Ikishakuwa kwenye diski, wafunge duka wasifunge, mimi ninayo. Ila kompyuta nayo inataka niingie kwenye akaunti kwanza. Nahitaji lile neno tu."

"Mpigie basi."

"Nimemwandikia mara mbili. Anasoma, hajibu. Wewe dada ndiye mkubwa, wewe anaweza kukusikiliza."

Nilimpigia Jumatatu mchana, nikiwa nyuma ya ofisi, kwenye kivuli cha tangi la maji. Alipokea mara ya kwanza.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba. Mama yako ameshasaini?"

Nilimweleza shida ya mdogo wangu. Nilimwambia duka linafungwa, nikamwambia ni neno moja tu, hata hatalazimika kununua kitu tena. Alinisikiliza mpaka mwisho.

"Ile akaunti ni ya nani?" akauliza.

"Ni yako mjomba."

"Na nyumba ni ya mama yenu peke yake?"

Nilihamishia simu sikio la pili.

"Mwambie mama yako asaini. Siku akisaini, namtumia mwanawe neno la siri siku hiyo hiyo. Mimi si mtu mbaya. Wasalimie."

Nilibaki pale kwenye tangi mpaka saa ya chakula ikaisha. Nilijua kitakachotokea nikifika nyumbani na maneno yale. Mama angesaini. Kwa mwanawe yule angesaini hata karatasi tupu. Na mdogo wangu angejua kwamba nyumba imekwenda kwa ajili ya michezo yake, hilo lingemlaza kitandani. Hivyo ndivyo nilivyojiambia. Lakini nikiandika leo sina sababu ya kujipamba: nami niliitaka ile nyumba. Nilikuwa nimeachika, nimerudi kwetu na masanduku mawili, na chumba cha uani kilikuwa mahali pekee duniani nilipoweza kufunga mlango nikasema hapa pangu. Niliweka chumba changu upande mmoja na michezo ya mdogo wangu upande wa pili, na sikuchukua muda mrefu kuchagua.

Jioni aliniuliza, "Umempata?"

"Hapokei," nikasema.

Aliniuliza tena Jumatano. Aliniuliza Ijumaa. Kila mara nilisema hapokei, na mara ya tatu nikaongeza kwamba labda amebadilisha namba. Uongo wa kwanza ulinitoka kwa shida; huo wa tatu ulitoka wenyewe. Akaacha kuniuliza. Nilidhani amekata tamaa, nikapumua.

Hakuwa amekata tamaa. Siku moja nikiwa kazini alichukua bajaji, akaenda kwa fundi mmoja wa simu karibu na soko. Fundi alimwambia ni kazi ndogo: watafungua akaunti mpya, wataiingiza kwenye kimashine, kisha watavuta vitu vyote kwenda kwenye kompyuta. Mdogo wangu alimwonya kwamba ile memori imefungamana na akaunti ya zamani. Fundi akamwambia, "Kaka, hii kazi nimeanza kuifanya siku nyingi." Kimashine kiliuliza swali kabla ya kukubali akaunti mpya. Fundi hakulisoma. Alibonyeza ndiyo.

Niliporudi nyumbani nilimkuta ameketi ukumbini, kimashine kiko mapajani kimewaka. Mama alikuwa amesimama mlangoni pa jikoni, anamwangalia.

"Kimekuwaje?" nikauliza.

"Kimekuwa kama siku kilipotoka kwenye boksi."

"Hata shamba?"

"Dada, nimekwambia. Kama siku kilipotoka kwenye boksi."

Hakulia, hakumlaani fundi. Alikuwa anabonyeza vitufe polepole, anafungua kurasa tupu moja baada ya nyingine, anafunga. Nilitaka kumwambia pale pale. Neno lilifika kooni, mama akasema chakula kitapoa, nikamfuata jikoni. Wiki chache baadaye mwezi uliisha na duka likafungwa. Hatukulizungumzia.

Mjomba alikuja mwenyewe baada ya mvua za msimu. Alishuka Dar es Salaam kwa ndege, akapanda treni mpaka Tabora, akafika na tende na halua na mashuka ya mama. Akaita kikao cha ukoo. Walikuja wajomba wadogo, wakaja hata mashangazi wa upande wa baba, wale wenye majina ya ng'ombe, wakazungumza kutwa nzima kuhusu umoja na kuhusu marehemu bibi asivyopenda ugomvi. Hakuna aliyemtukana mama. Walimbembeleza tu, mmoja akichoka mwingine anapokea, mpaka baada ya sala ya alasiri mama akasema, "Leteni hiyo karatasi." Akasaini kwa mkono uliokuwa bado na unga wa ngano.

Hivyo nyumba niliyoilinda kwa uongo iliondoka mbele ya macho yangu, ukumbi umejaa watu, sinia la halua linazunguka.

Mjomba alifurahi, na akifurahi huwa mkarimu. Alimgeukia mdogo wangu aliyekuwa ameketi pembeni na kofia yake nusu.

"Na wewe bwana, bado unacheza yale mambo yako?"

"Siku hizi hapana, mjomba."

"Kwa nini? Lete kalamu nikuandikie neno la siri. Ahadi ni ahadi. Nilimwambia dada yako siku ile aliponipigia: mama akisaini tu, nakupa."

Mdogo wangu alisimamisha sindano. Hakumtazama mjomba, alinitazama mimi. Mama naye alinitazama. Mjomba alikuwa anapapasa mifuko akitafuta kalamu, haoni kitu.

"Usijisumbue mjomba," mdogo wangu akasema. "Asante."

Watu walipotawanyika nilimfuata chumbani kwake. Nilianza kujieleza, nikataja mama, nikataja afya yake. Aliniacha mpaka nikaishiwa.

"Kumbe alipokea," akasema.

"Alipokea. Nisamehe."

"Ungeniambia tu kwamba amekataa."

"Niliogopa ungemwambia mama."

"Nisingemwambia. Unadhani mimi ningeuza nyumba kwa gemu?" Alikuwa anaongea kwa upole, na hilo liliniumiza kuliko kama angepiga kelele. "Ungeniambia amekataa, ningejua siipati mingine. Ningebaki na ile sita niliyokuwa nayo. Nisingekwenda kwa fundi."

Nilikuwa sijaliwaza hilo hata mara moja. Katika miezi yote ile ya kujiuliza na kujijibu, sikuwa nimeona kwamba ukweli wenyewe, ule mbaya kabisa, ungemwachia shamba lake.

Tulihamia Ipuli, nyumba ya kupanga, vyumba vitatu na uwanja wa sementi. Nilimnunulia kimashine kipya cha aina nyingine kutoka kwa mtu aliyekileta kutoka Dar. Alisema asante dada, akakiweka juu ya kabati. Bado kiko kwenye karatasi yake ya nailoni. Anadarizi zaidi ya zamani, na kofia zake zinatafutwa. Mama anasema heri hivyo. Na mimi mdogo wangu ananisalimia kila asubuhi, ananisogezea kiti, kila ninachosema anajibu, "Sawa dada." Zamani alikuwa mbishi, tulikuwa tunabishana mpaka chumvi ya mboga.

Mwezi uliopita maumivu yalimshika vibaya, kifuani. Nilipata taarifa nikiwa kazini nikakimbia hospitali. Tangu tukiwa wadogo, mimi ndiye niliyekuwa nakaa naye akichomwa sindano, namshika kichwa, yeye ananibana vidole mpaka vinakufa ganzi. Nilifika mlangoni mwa wodi, nikaanza kuvua viatu. Muuguzi akatoka na kunizuia kwa mkono.

"Anaingia mmoja tu," akasema. "Amesema aitwe mama yake."

Mama aliinuka kwenye benchi la nje, akanipa kikapu cha uji nikamshikia, akaingia.